Chenza la Bi Hatsue

Hatsue Kurimoto alikuwa mjane wa miaka arobaini na kitu, na filamu za watu wazima alizoandika Tokyo miaka ile ya sabini zilitoka kwa jina la kiume. Hilo alilivumilia. Kuharakishwa ndiko hakukuvumilia.

Siku hiyo walikuwa wakirekodi katika chumba cha kukodi, na mkanda uliobaki ulitosha tukio moja tu. Aliandika hivi: mke wa mtu amekuja kumuaga hawara yake. Mwanamume anamenya chenza, hakuna anayemgusa mwenzake. Baadaye ndipo walale.

"Dada, ruka hayo machenza," alisema Onuki, mwongozaji. "Mtu hakati tiketi aje kuangalia matunda. Wavue, tumalize."

"Wakivua sasa, utaona miili miwili basi. Acha kwanza mtazamaji ajue huyu mwanamke harudi tena. Hapo hata mwanamke akiguswa ukucha tu, mtazamaji atabana pumzi."

"Na mkanda ukiisha?"

"Uishe."

Onuki alimkazia macho. Mpiga picha akajifanya anafuta lenzi. Chizuru, mwigizaji, akasema polepole, "Mimi nacheza alivyoandika dada. La sivyo, mtafuteni mwingine wa kuvua."

Kamera ikawashwa. Chizuru alipewa kipande cha chenza. Hakula, alikifumbata tu. Hatsue alikuwa mlangoni akitazama. Onuki aliinua mkono awakatize, mkono ukabaki hewani. Mara Chizuru akafanya jambo lisiloandikwa: akaanza kumfunga yule mwanamume vifungo vya shati, kimoja kimoja, asimtazame usoni. Mkanda ukaisha akiwa kwenye kola.

Mwenye kampuni ya filamu alifoka kuona hawakulala, akapachika kipande cha kitandani kutoka filamu ya zamani.

Hatsue alikwenda kuitazama filamu hiyo katika sinema moja mtaa wa Asakusa, akakaa nyuma kabisa. Chenza lilipoanza kumenywa, wanaume wakaacha kutafuna karanga. Mwanamume aliyeketi kando yake akamnong'onea yule mwanamke wa kwenye filamu, "Usiende, bibie." Kilipofika kile kipande cha kupachika, mtu huyo aliinuka akatoka.

Jumatatu Hatsue alimwambia Onuki kuwa filamu ijayo itoke kwa jina lake halisi, Hatsue Kurimoto.

"Watu watakujua."

"Wanijue."

Jina likatoka. Mashemeji zake, kwa aibu, hawakukanyaga kwake mwaka mzima, naye akaendelea kuandika.