Namba Chini ya Kiti

Ukitaka kumchukia Loice Nabangala, mpelekee kazi ya kuchapa. Wanafunzi wa mtaa wetu wa Wandegeya wanamjua. Anaweka rula chini ya mstari, anasoma neno kwa neno, na akikuta upuuzi anakuuliza mbele ya watu kama wazazi wako wanajua unachofanya chuoni. Mimi Zulaikha nimekaa naye duka moja miaka kumi na moja, yeye akichapa, mimi nikitoa nakala na kujalidi. Nimemwambia mara ngapi, "Mama Byron, sisi tunachapa tu, hatusahihishi." Hasikii. Alitoka Bungoma na rula hiyo, na nadhani atazikwa nayo.

Byron ni mwanawe wa pekee. Alikuwa fundi wa pikipiki Kisenyi, kwenye gereji ya Faruk, Mnubi mwenzangu. Siku moja mchana mteja alikuja kuchukua pikipiki yake iliyotengenezwa, na jioni akaitumia kwenda kumuua mwenye duka la jumla na kumpora. Alikamatwa, akakiri. Lakini polisi walipofungua kiti cha pikipiki ile walikuta namba ya simu ya muuaji imeandikwa kwa wino mzito, mwandiko wa Byron. Na simu ya Byron ilikuwa imempigia mtu huyo mara sita siku ile ile. Upande wa mashtaka ukasema hiyo ndiyo njama, na aliyekula njama ni muuaji na mnyang'anyi sawa na mwenzake.

Hapo Byron akafanya ujinga ambao bado unaniuma. Alisimama mbele ya jaji akakana kila kitu: namba haijui, mtu hamjui, mwandiko si wake. Hofu ilikuwa imemshika. Njia ya mwongo ni fupi, lakini yeye alipewa ya miaka arobaini jela.

Loice hakulia mbele yetu. Kila siku ya kutembelea wafungwa alikwenda gereza la Luzira, na akirudi alichapa kwa nguvu mpaka nikaionea huruma kompyuta. Mwaka wa sita akaja wakili wa rufaa, binti mdogo anayeitwa Babra, amebeba mwenendo mzima wa kesi, kurasa zaidi ya mia mbili. Alitaka nakala sita zilizojalidiwa.

"Nyabo, mama yangu, hakuna haja ya kusoma," Babra alisema. "Mimi nimesoma."

"Umesoma na rula?" Loice akauliza.

Siku mbili hakugusa kazi nyingine. Wanafunzi walinung'unika, nikawafukuza. Siku ya tatu nilimwona amesimamisha rula ukurasa wa themanini na tatu, haisogei. Wakili wa kwanza wa Byron alikuwa amemuuliza askari swali moja tu la maana, kisha akaliacha lipite: je, mlifungua viti vya pikipiki nyingine pale gereji? Askari akajibu kwamba walifungua vitatu, na vyote vilikuwa na namba za simu chini yake.

"Zulaikha," akaniita polepole, "hawa mafundi si huandika namba ya kila mtu?"

Nilicheka, kwa sababu nani hajui hilo? Gereji ya Faruk ni uwanja mdogo, pikipiki zimebanana kama samaki kwenye kikapu. Fundi akipokea kazi anaandika namba ya mwenyewe chini ya kiti, akimaliza anampigia, na asipokuja anampigia tena mpaka atoe chuma chake. Mara sita ni kidogo. Tulijua sisi, alijua Faruk, alijua kila mwendesha boda. Kila mmoja wetu alidhani na mahakama inajua.

Faruk hakuwahi kuulizwa. Babra alipomfuata kuchukua kiapo chake, alisema tu, "Pikipiki ishirini, namba ishirini. Mimi ningejua mnataka hiyo, ningekuja zamani."

Siku ya rufaa majaji walikuwa watatu. Mwendesha mashtaka aling'ang'ania zile simu sita na ule uongo wa Byron. Jaji wa katikati akafungua ukurasa wa themanini na tatu, akamuuliza wenye zile pikipiki tatu nyingine walikula njama gani na fundi. Hukumu ilipokuja, ilisema uongo wa mtu mwenye hofu hauzibi pengo la ushahidi. Njama haikuthibitishwa, na bila njama mauaji na unyang'anyi havimfikii mrufani. Loice alinishika mkono mpaka ukafa ganzi, na nilifurahi kuliko siku niliyoolewa. Nilikumbuka pia mjane wa yule mwenye duka, nikamwombea.

Wiki iliyofuata tulimsindikiza Byron gereji. Faruk alimpa pikipiki ya kwanza na kalamu. Byron alifungua kiti, mteja akataja namba yake, na kijana wetu akaitazama kalamu, akamgeukia mama yake.

"Andika," mama yake akasema.

Akaandika. Loice akatoa rula kwenye mkoba, akaiweka chini ya zile tarakimu, akazisoma moja moja kwa sauti mpaka mteja akakubali kwamba ni yake.

"Sasa andika na jina lako," akasema. "Mwandiko ni wako."