Chui wa Kirumba na Chui wa Oicha

Kyakimwa alikuwa mwalimu wa Kifaransa mjini Butembo, na kwa miaka mitatu alifuata hadithi moja tu: ile ya chui aliyejifanya mkubwa wa nyama wote wa porini, mpaka nyama wenyewe wakamgeuka. Karibu kila kijiji kilimwua kwa namna yake. Kyakimwa alitaka kujua kwa nini, kwa hiyo alirekodi wazee kwenye kaseti, kisha akaandika katika daftari jina la mahali, tarehe, na jinsi chui alivyoishia. Vita vilipofunga chuo chake, aliendelea peke yake.

Mwaka 2000, asubuhi moja ya mvua, alipanda lori Kirumba pamoja na mzee Ézéchias, mkulima wa maharagwe, aliyeijua hadithi hiyo kuliko wote. Jicho la mzee lilikuwa limeoza, na Kyakimwa alikuwa anampeleka kwa daktari Butembo. Njiani waasi walisimamisha lori. Siku mbili kabla, kambi yao ilikuwa imeshambuliwa. Waliwalaza abiria kifudifudi katika matope, wakampiga dereva mpaka akaacha kulia, kisha wakamwaga mizigo.

Komanda wao alilikuta daftari kati ya kaseti, akasoma kwa sauti. "Kirumba, tarehe kumi na mbili: chui anaanguka mu shimo. Oicha, tarehe tatu: chui anaunguzwa." Akamtazama Kyakimwa. "Huyu chui ni nani?"

"Ni nyama wa mu hadithi, komanda. Niko mwalimu."

"Basoda yangu sita bamekufa mu kambi. Batu ya kupanga vita banaandika hivi hivi."

Askari akamkanyaga kifundo cha mkono, akaupiga mkono wake wa kuume kwa kitako cha bunduki. Kyakimwa alisikia mfupa ukivunjika kabla hajasikia maumivu. Swali likarudi, na kitako kikarudi.

Ézéchias akainua uso kutoka matopeni. "Komanda, hapana siri pale. Acha nikuambie hadithi yenyewe, utasikia na masikio yako."

Komanda akamwashiria asimame, aanze.

Kyakimwa alitamani mzee asimulie ile ya Beni, ambamo chui anakimbia tu, mkia umekatika. Ile ya Kirumba ilikuwa kali. Lakini Ézéchias alianza ile ya Kirumba. Akasimulia jinsi chui alivyowala watoto wa nyama wote, kisha akadai asifiwe. Sungura akampeleka kwenye shimo lililofunikwa majani, akamwambia, "Mukubwa, simama hapa juu, wote wakuone." Askari wakasogea. Chui alipoanza kujisifu, mzee alinenepesha sauti, akatoa kifua, kama alivyofanya siku zote mahali hapo pa hadithi. Askari mmoja akacheka. Wa pili akacheka, akimtazama komanda.

Komanda akatoa bastola, akampiga Ézéchias risasi ya shingo. Mzee alipokwisha kuanguka, akampiga nyingine. Kisha akaamuru daftari na kaseti zichomwe kwa mazutu, mafuta ya lori.

Kyakimwa alifungwa siku nane katika chumba cha shule pamoja na watu kumi na mmoja. Watatu walitolewa nje, na wenzao wakasikia risasi. Wamama wa kanisa lake walikuja mara tatu kumwombea aachiwe, na mara ya tatu akaachiwa. Vidole vya mkono wake havikunyooka tena.

Wiki mbili baadaye alikwenda Kirumba kwa Orpa, binti wa Ézéchias. Alimweleza yote bila kuruka neno. Orpa akampiga kofi, akarudia, na Kyakimwa hakujikinga.

"Ulimutosha mu hii nyumba juu ya kumuponyesha jicho," Orpa alisema.

"Ndiyo."

"Aliwaambia chui gani?"

"Wa hapa kwenu. Wa mu shimo."

"Na ile ya Beni, hakuijua?"

"Aliijua muzuri."

Orpa akakaa chini kwenye ngazi ya mlango. "Basi aliichagua," alisema.

Kama kweli aliichagua, Kyakimwa hajui mpaka leo. Madereva wa malori yaliyopita baadaye walikuwa wamemzika mzee pale pale alipouawa, kando ya barabara. Kesho yake Orpa alibeba jembe, Kyakimwa akabeba shuka kwa mkono wa kushoto, wakatembea kwenda kumfukua na kumrudisha nyumbani.