Mapipa ya Fundi Semina

Mjomba wangu ni fundi betri. Tangu sijazaliwa alikuwa akifungua betri chakavu za magari, anatoa maji yaliyochoka, anabadilisha mabamba ya risasi, anazirudisha kwa wenyewe zikiwa na nguvu. Ncha za vidole vyake ni laini kama sabuni. Maji ya betri yamezila.

Ana jina lake, lakini kwenye safu ile ya vibanda vya mafundi wanamwita Semina. Alilipata pale serikali ilipowakusanya ukumbini kwa semina na kuwaeleza kwamba maji machafu ya betri ni taka zenye sumu na ni marufuku kuyamwaga. Kila fundi ayaweke kwenye pipa lenye mfuniko, achore fuvu, aandike tarehe aliyoanza kulijaza, kisha asubiri gari lenye kibali lije kulichukua. Wenzake walikula chakula cha mchana wakaenda zao. Mjomba alisikiliza. Ndivyo alivyo: ukimwambia jambo kwa kipaza sauti, anaamini.

Na alikuwa na sababu. Mtaro ulio nyuma ya vibanda unateremka hadi nyuma ya nyumba zetu, na mipira yote ya watoto wa mtaa huishia humo. Wenzake walimwaga, yeye akajaza mapipa. Mafuvu aliyachora mwenyewe kwa rangi nyeusi, na moja alilijaza meno mpaka mkewe akasema limefanana na shemeji yake akicheka.

Gari halikuja. Alikwenda ofisini kuuliza, akaambiwa haliwezi kutoka kwa ajili ya mtu mmoja mwenye vipipa vyake, lina kazi za viwanda. Akaomba basi kibali cha kuyahifadhi. Akaambiwa arudi. Alirudi mpaka akafanya urafiki na mlinzi wa getini. Mapipa yalikula nusu ya kibanda, akawa anafanyia kazi mlangoni, na wenzake wakimuuliza pombe yake itaiva lini.

Halafu mtoto wa jirani yetu mshonaji akashuka mtaroni kufuata mpira, akatoka nyayo zimebabuka.

Wakaguzi walikuja na polisi, lakini habari iliwatangulia. Kila kibanda walichoingia kilikuwa kimefagiliwa na kusuuzwa, hakina hata tone. Maji ya betri yamekwenda wapi, hakuna aliyeuliza, na kwa hilo sitawasamehe. Kwa mjomba walikuta ukuta mzima wa mafuvu. Masikini, alifurahi kuwaona. Alidhani hatimaye wamefuata mapipa, akawaonyesha tarehe moja baada ya nyingine, kifua mbele. Mkaguzi alizisoma zote kwa adabu, akasema nyingi zimeshapita muda unaoruhusiwa.

"Tena unahifadhi taka zenye sumu bila kibali, mzee."

"Kibali niliomba kwenu."

"Ulipewa?"

"Sijapewa."

"Basi huna."

"Sasa, mwanangu, haya maji ningeyapeleka wapi?"

Mkaguzi alitupa jicho kwenye mlango wa nyuma, ule unaoelekea mtaroni, kisha akarudi kwenye kalamu yake.

"Huko kwingine sijakuta kitu," alisema kwa sauti ya chini. "Mimi naandika ninachokikuta."

Wakapiga kufuli. Kesho yake gari likaja, lile lile alilolisubiri miaka yote, kuchukua ushahidi. Mjomba aliwasaidia kupakia, akiwasihi wasilaze pipa ubavu, maji yasije yakavuja njiani. Mtaa mzima ulitoka kutazama mafuvu yakipita. Mshonaji alisimama mbele, mwanawe mgongoni, miguu imefungwa bendeji.

"Kumbe ni wewe," alimwambia mjomba. "Na kila asubuhi unanisalimia."

Nilichemka. Nilikuwa nimeshafungua mdomo nimweleze mbele ya wote, mjomba akanishika mkono.

"Mwache. Mtoto wake ameungua."

Kibanda bado kina kufuli. Wateja wake wamegawanwa na wale wale mafundi wasafi, na betri walizokuwa wakimletea yeye, maji yake sasa yanakwenda kulekule yanakokwenda ya wengine. Mtaro unatoa povu kuliko zamani. Mshonaji ameacha kumwitikia salamu, na mtaani wanasema afadhali serikali iliingilia kati.

Asubuhi mjomba hubeba ndoo yake ya kazini, akaipindua kando ya mtaro, akaikalia, fimbo ndefu mkononi. Mpira ukiingia anauvuta, anaufuta kwa kitambaa, anawarushia watoto kabla hawajashuka. Hapo ndipo anaposhinda. Watu wakipita wanamtazama, wanatikisa vichwa, wanaambiana kwamba dhamiri inamsuta.