Mkate Nilioufunga Kwenye Leso

Alhamdulillahi, ashukuriwe Mola anayezisitiri aibu zetu, na akipenda huzifunua ili tucheke.

Baridi ile, vuvuzela za Kombe la Dunia zikiwa zimekwisha kunyamaza, jirani yangu wa Randburg, bibi wa Kipolandi aitwaye Halina, alinialika shambani nje ya Johannesburg. Wapolandi wenzake hukutana huko kusikiliza piano ya watunzi wao wa zamani na kucheza ngoma za kwao. Nilikwenda na Déo, Mrundi mwenye gari.

Mlangoni Bi Halina, kavaa shada la maua kichwani, alinitanguliza kwa uzee wangu, akanipa mkate wa mviringo na chumvi. Moyo ukarudi Tanga, maulidini, ambako mgeni hupewa tabaruku yake akaile nyumbani. Nikamwombea dua, nikaufunga mkate kwenye leso, nikaingia kukaa kiti cha mbele.

Piano ikabaki kimya. Wageni wote walikuwa bado wamesimama nje.

"Mzee, mkate uko wapi?" Déo akaja kuninong'oneza.

"Huu hapa, wa wajukuu."

"Eish, mzee! Wanasema huko nje, kila mgeni humega kipande ndipo aingie. Umewafungia watu nje!"

Nikarudi mlangoni, nikaifungua leso mbele ya wote, nikitamani ardhi inimeze. Bi Halina akaishika ile leso, machozi yakimlenga.

"Mama alifunga mkate hivi hivi," akasema, "siku tuliyohama kwetu."

Nawe msomaji, Mungu akujaalie mkate, na mtu wa kumega naye.