Njia ya Mama Mdogo na Anti

Mwaka wangu wa pili Manchester, nikisomea uuguzi, msichana niliyepanga naye alinivuta twende kwenye matembezi ya Jumamosi. Tulikuwa watu wachache, kila mtu na mwavuli wake, tukimfuata mzee mmoja aliyevaa koti la mvua la njano. Kazi yake ilikuwa kuwatembeza watu mitaani na kuwaonyesha historia ya wapenzi wa jinsia moja wa mji ule. Kando ya mfereji alisimama mbele ya duka la kahawa akatuambia kwamba zamani hapo palikuwa na baa, na polisi walikuwa wakiingia na kuwatoa watu nje wakiwa wameinamisha vichwa. Mbele kidogo akatuonyesha dirisha la ghorofani. Walikaa wanawake wawili pale, akasema, maisha yao yote, na majirani waliwaita binamu. Watu wakapiga picha dirisha.

Mwisho wa matembezi alituuliza tunatoka wapi. Nilipomwambia nimekulia Doha, alinitazama kwa huruma. "Kule nadhani hamna historia ya namna hii," akasema kwa upole, kama anayetoa pole ya msiba.

Nilikuwa na baridi, na nikikasirika Kiingereza changu huwa kinanikimbia. Lakini njia nzima ya kurudi nilikuwa nikitembea Najma, mtaa wetu wa Doha.

Wewe kama hujafika Najma ya miaka ile, usifikirie minara ya vioo. Minara ilikuwa West Bay, ng'ambo ya maji. Najma ilikuwa majengo mafupi yenye viyoyozi vinavyodondosha maji vichwani mwa wapita njia, mafundi cherehani, watengeneza simu, harufu ya vitunguu vya kukaanga kutoka kila dirisha na lugha yake. Tulikaa ghorofa ya pili, vyumba viwili. Baba alikuwa mandubu wa kampuni moja ya ujenzi, yaani ndiye aliyezunguka maofisini na pasi za wafanyakazi, akifuatilia viza na vibali. Alijua Kiarabu cha madrasa, kisha akajua cha serikali. Watanzania wengi wa Doha walipita mikononi mwake. Mama alikuwa nyumbani akipika mandazi na vitumbua, na asubuhi za Ijumaa walinzi wa Kiafrika walipanda ngazi zetu kununua na kukaa kidogo kusikia Kiswahili.

Mama mdogo, mdogo wake mama wa tumbo moja, aliletwa na baba. Alifanya kazi za ndani kwenye nyumba moja Abu Hamour, kwa mwanamke mkarimu aliyempa Ijumaa yake, jambo ambalo wengi hawakulipata. Akifika kwetu alivua viatu, akaingia jikoni moja kwa moja, akanyoosha mgongo sakafuni kwenye vigae vya baridi na kusema, "Hapa ndipo ninapopumua." Kisha tulimsubiri Anti.

Anti alikuwa Mkenya, Mkristo, wa upande wa Nakuru. Alisafisha vyumba katika hoteli ya West Bay na alikuja akitokea ibadani, kwa sababu Ijumaa ndiyo Jumapili ya kule. Hakuwa na simu. Yeye na mama mdogo waliagana Ijumaa moja mpaka nyingine. Alikuwa na sauti nzito na tabia ya kuniuliza mambo kama mtu mzima. "Sasa kasichana kangu. Wiki imekuwa aje? Mwalimu alikusumbua?" Nilimweleza yote kuhusu mwalimu wa hesabu wa shule yetu ya Wahindi, naye alisikiliza mpaka mwisho.

Adhuhuri ikishapita tulitoka, sisi watatu, mimi katikati. Kama ningemtembeza mimi, hapo ndipo ningemsimamisha mzee wa koti la njano kwa mara ya kwanza, kwenye kafeteria ya Wamalayali, Wahindi wa Kerala, chini ya jengo letu. Ilikuwa na meza za wanaume mbele na nyuma vijumba vidogo vya mbao vyenye mapazia, na neno "famili" limebandikwa juu. Wanawake wawili peke yao waliangaliwa vibaya. Wanawake wawili na mtoto walikuwa famili. Mhudumu alituvutia pazia bila kuuliza, akaleta chai ya karaki iliyochemka na iliki mpaka imekuwa rangi ya tofali, na chapati iliyokunjiwa jibini. Mimi nilikaa upande wangu nikila. Wao walikaa upande wao, mabega yamegusana. Mama mdogo alilala pale. Nasema kweli, alilala usingizi, kichwa begani kwa Anti, na Anti alikunywa chai kwa mkono wa kushoto asimwamshe.

Kutoka pale tulikwenda kwa miguu mpaka baharini, kwenye barabara ya ufukweni. Msimu wa baridi mwendo huo ulikuwa raha, jua la alasiri linakuchoma kidogo tu mgongoni. Tulipita mabustani ambako Ijumaa mlinzi alisimama langoni kuzuia wanaume wasio na familia. Nilimwona akiwarudisha Wanepali na Wabangladeshi kwa makundi, mashati yao yamepigwa pasi, hawana pa kwenda. Sisi alitupisha, akanipa na tabasamu. Nilijivuna sana. Nilidhani ni kwa sababu ya gauni langu.

Kwenye ukingo wa maji kulikuwa na sehemu ya nyasi waliyoipenda. Anti alinyoosha kidole kwenye minara iliyokuwa ikijengwa, winchi juu ya kila mmoja, akasema, "Ile ya tatu, hapo ndio kwangu. Jana nimetandika vitanda mpaka mkono umekufa." Mama mdogo aliuchukua mkono huo akaukanda, kidole kwa kidole, kama anavyokanda unga. Sikuona ajabu yoyote. Nyumbani kwetu hakuna aliyemkanda mwenzake, na nilidhani hilo ndilo la ajabu.

Ilikwenda hivyo misimu miwili. Mama alijua. Sina shaka alijua, kwa sababu siku hizo alikuwa akiweka mandazi ya Anti pembeni, yale yaliyoiva vizuri, na kama jirani akiuliza huyu Mkenya ni nani, alijibu haraka mno, "Rafiki tu wa mdogo wangu."

Kisha ikaja Ijumaa ambayo mama mdogo alifika peke yake mapema. Baba alikuwa kwenye kochi na chai. Mimi nilikuwa mkekani na daftari la hesabu.

"Shemeji," mama mdogo akasema, "nina shida yangu, nataka unisaidie."

"Sema."

"Hoteli ya rafiki yangu wanatafuta watu wa vyumba. Madamu hana kinyongo, amesema mumewe, kafili mwenye viza yangu, atasaini nikipata mtu wa kufuatilia karatasi."

"Hilo jepesi. Utakaa kambi ya kampuni?"

"Hapana. Tumepata chumba hapa hapa Najma. Tutakaa mimi na yeye."

"Na kambi ni bure. Kwa nini mpange?"

"Nataka kukaa naye."

Baba akaweka kikombe chini. "Kukaa naye vipi?"

Jikoni mama alifunga bomba. Mama mdogo angeweza kusema chochote. Angesema kambi ina kelele, chakula kibaya, wasichana wezi. Nafikiri alikuwa amechoka, au alikuwa na furaha mno, na watu wa aina zote mbili husema kweli.

"Kama wewe unavyokaa na dada," akasema.

Baba hakupandisha sauti. Alimtazama, akanitazama mimi, akamaliza chai yake. "Nimekusikia," akasema. "Nipe wiki nishughulikie." Mama mdogo akamshika mkono kwa mikono yake yote miwili akamwombea dua, Mungu amzidishie. Alasiri ile njiani aliruka vidimbwi vya viyoyozi kama mtoto, na Anti akacheka mpaka akasimama kushika ukuta.

Baba alishughulikia. Alikwenda Abu Hamour katikati ya wiki akamwambia kafili, kwa Kiarabu chake kizuri, kwamba bibi yangu, mama yake mama mdogo, yuko mahututi Tanga. Yule kafili alikuwa mtu wa huruma, akakata tiketi siku ile ile. Mama mdogo aliletwa kwetu na sanduku, macho yamevimba, analilia mama ambaye wakati huo alikuwa Ngamiani mzima wa afya, anachambua mchele. Mama yangu alimpangia nguo. Namkumbuka akikunja kila kitu kwa makini, vitambaa, kanga, soksi, bila kuinua uso.

"Dada," mama mdogo akamwambia mlangoni, "Ijumaa akija mwambie mama anaumwa sana, narudi baada ya siku chache tu. Asikiachie kile chumba."

"Nitamwambia," mama akasema.

Ijumaa Anti akaja. Alikuwa amebeba pazia jipya la buluu, la kile chumba, limo kwenye mfuko wa duka. Mama alimsimamisha mlangoni, hakumkaribisha ndani, na hilo peke yake lingetosha kumwambia.

"Mwenzio amerudi kwao," mama akasema. "Ameolewa."

"Ameolewa?"

"Eeh. Mambo ya wazee, ya haraka."

"Mama, si alisema," nikaanza, na kucha za mama zikanizama kwenye mkono. Nina umri huu na nikiugusa mkono huo bado najua ni mahali gani.

Anti alitutazama sisi wawili. Nadhani aliona zile kucha. "Hakuniachia neno?"

"Hakupata nafasi."

"Haya mama. Asante." Mama akamsukumia mfuko wa mandazi, naye akaupokea, kwa sababu alikuwa mtu wa adabu. Nilikimbilia dirishani. Alipofika mbele ya kafeteria alipunguza mwendo, mhudumu akamwona akatazama nyuma yake kutafuta mtoto, halafu akageukia meza nyingine. Anti akavuka barabara. Sikumwona tena.

Huko Tanga mama mdogo alimkuta mama yake anafagia uwanja. Viza ilikuwa imeshafutwa. Ilifutwa na yule yule aliyeitafuta. Posa ya mgane mwenye duka la vifaa vya ujenzi ilikuwa tayari, na nyumba nzima ilikuwa na haraka.

Mwaka ule wa matembezi ya Manchester nilipata nauli ya kwenda Tanga, ambako wazazi walikuwa wamestaafia, na ndege ikaniacha Doha mchana kutwa. Nikaenda Najma. Jengo letu halikuwepo. Palikuwa na uzio mrefu wa mabati na nyuma yake shimo la kazi za metro. Kafeteria imekuwa duka la simu. Bahari ipo, ila nyasi zimepandwa upya na kupangwa vingine, nikashindwa kuamua ni wapi hasa walipokaa. Karibu na soko la zamani nilikuta mwongozaji na kundi la watalii, anawaeleza kuhusu wapiga mbizi wa lulu na nyumba za matajiri wa zamani, kila nyumba na jina lake. Nilisimama nyuma yao nikasikiliza kidogo, kisha nikaondoka.

Nilipofika Tanga nilikwenda na baba kwa mama mdogo. Amenenepa, ana wajukuu wa kambo, anaheshimiwa mtaani. Nilimkuta uani anakuna nazi. Nikakaa kando yake.

"Mama mdogo, unamkumbuka Anti?"

"Anti gani?"

"Wa hotelini. Tuliyekuwa tukienda naye baharini."

"Kule Wakenya walikuwa wengi, mwanangu."

Nilijiambia niishie hapo. Sikuweza. "Ile Ijumaa alikuja," nikasema. "Alikuja na pazia la kile chumba."

Mkono wake ukasimama juu ya mbuzi. "Alikuja?"

"Alikuja. Mama akamwambia umeolewa."

Alitazama nazi iliyokunwa kwenye sinia. "Nilikuwa bado," akasema.

"Najua."

"Alisemaje?"

"Aliuliza kama ulimwachia neno."

Akaichukua nazi, akaanza kukuna tena, haraka kuliko mwanzo, mpaka nikaogopa atajikata. "Ulikuwa mdogo," akasema hatimaye, kwa sauti ile ile ya watu wazima wote wa kwetu. "Umechanganya mambo mengi. Usilirudie hili hapa, mume wangu ni mtu mwema. Nipe hilo chujio."

Nikampa. Sebuleni baba na mume wake walikuwa wakizungumza Doha, na mwenye nyumba alikuwa akimwambia baba kwamba Mungu atamlipa kwa wote aliowafungulia njia. Baba aliitikia amina, kwa unyenyekevu, na wote wawili wakaitwa kula.

Nimejaribu kumtafuta Anti. Nimeuliza Wakenya waliokuwa West Bay miaka ile, wananiuliza jina lake nani, la baba yake nani, kanisa gani. Mimi nilimwita Anti. Mama mdogo alimwita "wewe", kila mara, kwa namna ambayo sijasikia mtu akiitwa tena, na jina kamili sikulisikia hata siku moja. Anayelijua yuko Tanga, na ameshaniambia nimechanganya.