Mbuzi ya Nazi ya Hawe Sidi

Nakumbuka jogoo mmoja mwekundu, mwanangu, aliyetoroka soko la Kongowea siku ambazo mimi ni kijana wa kusukuma mkokoteni na meno yangu yote yapo. Lori lilikuwa limetoka bara na viazi, na juu ya viazi dereva alikuwa amefunga kasha la kuku. Kasha likaanguka, mbao zikaachana, jogoo huyo! Binamu yangu Baya akamtimkia. Na Baya alikuwa na mbio, si mchezo. Akapita naye chini ya meza za vitunguu, akapindua ndoo ya mama mmoja, akamnasa nyuma ya choo cha soko, akarudi amebenua kifua, anangoja kupongezwa. Dereva hakumpongeza. Alikuwa amewashika mitetea mkononi, akasema, "We kijana, nilikupigia kelele umwache. Angerudi mwenyewe kwa wake zake. Sasa tazama, umemvunja mguu." Mzee mmoja, hamali, aliyeketi juu ya gunia alicheka hadi akakohoa, kisha akamwambia Baya, "Miguu unayo, mwanangu. Shida ni kwamba inakutangulia."

Lakini hiyo siyo habari niliyotaka kukupa. Jogoo nimemkumbuka kwa sababu ya lile kasha. Mbao zake tulizibeba sisi, na tangu siku hiyo sijapita karibu na kasha lililovunjika bila kuinama nilitazame. Uzee ndio huu: macho yanapungua, tamaa ya mbao haipungui. Na mbao hizi za makasha ya nyanya yanayoshuka kutoka bara, nyepesi, zenye misumari myembamba, ndizo Fundi Katana alizokuwa akiwapa watoto wajifunzie useremala. Basi hapo ndipo nilipokuwa nakwenda, ila nimepita njia ndefu.

Katana ni seremala wetu hapa Junda. Hutengeneza vitanda, milango, na watu wakifiwa hutengeneza majeneza. Mimi si seremala. Shule yenyewe niliisomea dirishani, na kazi nimefanya za mgongo tu, mpaka mgongo ukanikataa. Siku hizi huenda kukaa katika karakana yake na kumnyooshea misumari iliyopinda. Unaulaza juu ya jiwe, unagonga, unageuza, unagonga tena. Ni kazi nzuri kwa mtu anayependa kusikiliza ya watu.

Watoto walikuwa wakija Jumamosi, wakishafua sare zao. Katana hakuwatoza kitu. Alisema samaki mkunje angali mbichi, na kwamba mtoto akishika randa hana mkono wa kushikia upuuzi. Mwanzo hakuwapa msumeno kabisa, aliwapa msasa tu, wasugue mbao hadi vidole viote sugu, na wakinung'unika aliwaambia, "Sugueni. Mti hauzoeani na mtu mwenye haraka." Baadaye ndipo akawaachia kila mmoja atengeneze kitu anachokitaka mwenyewe, cha kwao nyumbani. Mmoja akatengeneza ubao wa kukatia mboga, mwingine kizimba cha njiwa. Msichana mmoja aitwaye Dama, mwenye mdomo kama cherehani, alitengeneza kigoda.

"Dama," Katana akamuuliza, "hicho kigoda mbona kinacheza chakacha?"

"Kinakusalimia, fundi. Hukuitikia."

Tulicheka. Kilikuwa kibaya kigoda kile, wallahi, lakini alikibeba kwapani kila alikokwenda.

Sasa kulikuwa na mvulana akiitwa Kazungu, mzito wa maneno, anayeishi na nyanya yake tu. Nyanya mwenyewe ni Hawe Sidi. Hawe kwa Kigiriama ni nyanya, na mtaa mzima unamwita hivyo. Hawe Sidi ndiye aliyekuwa akituuzia mbaazi za nazi asubuhi, na mbaazi zake, mwanangu, ungeweza kusahau una deni la kanisani. Mvua za mwaka jana aliteleza pale penye bomba la maji, akaanguka, na tangu hapo goti lake la kulia halikunjiki. Na wewe unaijua mbuzi ya kukunia nazi, kile kiti kifupi chenye ulimi wa chuma wenye meno. Unakaa chini kabisa, magoti juu, unakuna. Yeye hawezi kushuka mpaka pale. Mashine ya kukuna iko, lakini ni mbali kwa mguu ule, tena mwenyewe husema mashine inakuna na kifuu humo humo. Jirani alimkunia siku mbili tatu, akachoka. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, wanasema, lakini ukiubeba mwenyewe utajua uzito wake. Basi mbaazi zikawa zinapikwa kwa maji matupu, na wateja wa Junda hawana huruma. "Hawe, leo umetupikia za wagonjwa?" Wakaanza kupungua. Na yule mama hakuwa na kazi nyingine, wala Kazungu hakuwa na mtu mwingine.

Kwa hiyo Kazungu akaamua kutengeneza mbuzi. Nakueleza wewe mapema jambo ambalo sisi pale karakana hatukulijua, kwa sababu hatukuuliza. Alimpima nyanya yake kwa kamba ya katani. Akampima amekaa ukingoni mwa kitanda na mguu mbovu umenyooshwa mbele, akafunga fundo, akampima tena upande wa pili, akafunga fundo. Kisha akaja kutengeneza mbuzi ndefu kupita zote, miguu mirefu, kikalio kimeinamia kushoto, na ulimi wa chuma umepindwa kidogo kuelekea mahali sinia litakapokaa. Ukiitazama utasema ni kazi ya mlevi. Katana alipoiona alisema, "Hii mbuzi au punda?" Watoto wakacheka. Kazungu naye akacheka kidogo, akaendelea kusugua. Hakueleza. Watoto wengine hawaelezi, mwanangu. Wanadhani ukitazama utaona.

Ikafika Jumamosi ya wageni. Mchungaji wetu wa Frere Town alikuwa aje pamoja na wazazi, watazame kazi za watoto, na wakiridhika wawape banda lililo uani mwa kanisa wajifunzie humo, maana karakana ya Katana ilikuwa haiwatoshi. Katana alitaka lile banda. Sikumlaumu kwa kulitaka. Lakini asubuhi, kabla ya watoto kuja, nikamkuta ameshika randa, vitu vyao amevipanga juu ya meza. Kigoda cha Dama alishakikata, kimesimama wima kama mwalimu. Alikuwa ameifikia mbuzi ya Kazungu.

"Katana," nikamwambia, "umemuuliza mwenyewe?"

"Nimuulize nini, mzee? Nimuulize kama kitu kimepinda?"

"Muulize tu. Kuuliza si ujinga."

"Wageni wanakuja saa nane. Mimi ndiye fundi, wakiona hii watasema nawafundisha kupinda." Akaulaza msumeno juu ya miguu ya mbuzi, akaifupisha ikawa kama mbuzi nyingine zote. Akakisawazisha kikalio. Akaunyoosha ulimi kwa nyundo. Akapaka vanishi. Ikatoka nzuri, siwezi kusema uongo. Nami nikarudi kwenye misumari yangu.

Watoto wakaja, na saa nane wageni nyuma yao. Dama alikikalia kigoda chake, akatikisa kiuno, na kilipokataa kutikisika niliona amesikitika. Kazungu akaitazama mbuzi iliyo mezani. Akainama akatazama chini ya benchi. Akatazama nyuma ya mlango.

"Fundi, ya kwangu iko wapi?"

"Si hiyo mbele yako, bwana mdogo? Nimeinyoosha kidogo tu."

Kabla mtoto hajajibu, tukasikia tuktuk nje na Hawe Sidi akipiga hodi. Alikuwa amevaa leso mpya na fimbo mkononi.

"Karibu, hawe. Shikamoo," Katana akasema.

"Marahaba, mwanangu. Nimeambiwa hapa nina kiti changu. Kinapimwa kwa kamba tangu mwezi jana, nikajua labda napimiwa jeneza."

Wageni wakaangua kicheko. Mchungaji akaiinua mbuzi juu watu waione, akasema hata dukani huwezi kuipata kama hii, na wazazi wakapiga makofi. Kisha ikawekwa chini na Hawe Sidi akataka kuikalia. Kazungu alimshika kwapa la upande mmoja, mchungaji upande wa pili. Akashuka kidogo. Goti likakataa. Akashuka kidogo tena, akaita jina la Mungu, wakamwinua haraka. Alisimama akihema, jasho juu ya mdomo. Akaipapasa ile mbuzi kwa ncha ya fimbo.

"Ni nzuri, mjukuu wangu," akasema. "Tutaitundika ukutani."

Hapo Kazungu akatoa kamba mfukoni, akaishikiza kwenye kikalio, ikaning'inia hadi chini, ikazidi, na fundo lake likalala sakafuni katika vumbi la mbao. Katana akaliona lile fundo, akamtazama yule mama na mguu wake ulionyooka, na naona hapo ndipo alipoelewa. Akapiga magoti, akatafuta vile vipande alivyovikata, akavipata, akavishikiza chini ya miguu ya mbuzi kama anayedhani vitaota. Ubao ukikatwa hauoti tena.

"Nitakufanyia nyingine," akamwambia mtoto. "Leo leo. Wewe unionyeshe ulivyotaka, nami nitaitengeneza mpaka ing'ae."

"Hiyo itakuwa ya kwako, fundi," Kazungu akasema. Hakuwa na hasira. Alisema vile mtoto anavyokuambia dukani sukari imekwisha.

Sasa mwanangu, nasaha yangu nitakupa hapa hapa kabla sijamaliza, kwa sababu kilichobaki ni kifupi na sitaki kukichafua kwa maneno. Ukija kumfundisha mtoto useremala, au kupika, au kushona, au hata kusali, mwache akosee kwa mkono wake. Ukiona kimepinda, uliza kwanza kimepindwa kwa ajili ya nani. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, na kiti hukijui mpaka umjue atakayekikalia. Usinyooshe kazi ya mtoto ili wewe usifiwe na wageni; wageni wanakunywa soda yao wanaondoka. Mtoto akiharibu ubao, ubao upo, Kongowea makasha yanavunjika kila siku. Lakini ukishamwonyesha kwamba mkono wake si kitu mpaka wako upite juu yake, hilo sijaona gundi inayoliunga. Katana si mtu mbaya. Ni fundi hodari, na banda alipewa siku ile ile. Nakwambia tu nilichokiona.

Mungu akupe mkono mwepesi na ulimi wa kuuliza. Akupe wanafunzi wakaidi, wanaojua wanachokitaka. Na vitu watakavyovitengeneza mbele yako, vibaya kwa vizuri, viondoke vikiwa ni vyao. Amina.

Basi Kazungu alimpandisha nyanya yake kwenye tuktuk, akamwekea fimbo yake mapajani. Akarudi ndani. Tulidhani amefuata ile mbuzi. Alichukua randa aliyokuwa akiitumia, akaipangusa kwa fulana, akairudisha mahali pake ukutani. Akasema, "Kwaherini," kwa adabu, kwa wote. Katana akamwambia, "Jumamosi basi, bwana mdogo." Mtoto akavuka kizingiti, akapita kando ya tuktuk, akamwambia dereva waende tu, yeye atatembea. Nilimfuata kwa macho mpaka kwenye kona ya kinyozi. Hakukimbia wala hakugeuka. Hajarudi.