Chai Isiyotiwa Sukari

Mwaka wa themanini na nne Koulsoum alitoka Ambatoloaka na mtoto mgongoni, akavuka bahari hadi Antsahampano, akapanda lori mpaka Mahajanga. Alifuata kiwanja na nyumba ya marehemu baba yake, mtaa wa Tsaramandroso. Vurugu za mjini humo za mwishoni mwa sabini na sita ziliwakimbiza yeye na wazazi wake akiwa msichana, na nyuma yao ua wa jirani, Tadjiddine, ukasogea kidogo kidogo mpaka ukameza kisima chao.

Koulsoum alimshtaki, na mahakama ikamteua mpimaji wa ardhi akapime na kueleza alichokiona. Ujira wake waugawane wote wawili. Asiyetoa fungu lake, dai lake linafutwa. Koulsoum alikwishauza bangili za harusi. Hakubakiwa na kitu cha kuuza.

Siku ya kupima, binti wa Tadjiddine alileta sinia ya chai. Kila mtu akasogezewa kopo la sukari, isipokuwa mpimaji. Yeye alipewa chai yake bila sukari, akanywa. Hakuulizwa.

"Shangazi," Koulsoum alimnong'oneza Rabiata, dada wa baba yake, "yule hali sukari. Wamejuaje?"

"Labda wameuona uso wake, mchungu tayari."

"Sina mzaha mie."

Wiki iliyofuata mpimaji alipeleka madai yake mahakamani: vibarua, nauli, na malazi ya nyumba ya wageni. Ujira ulikuwa umepanda mara mbili. Tadjiddine akaitikia upesi, "Haki yake, alipwe." Upesi ule ndio uliomtia Koulsoum shaka.

Hakimu aliuliza kwa Kifaransa, karani akageuza kwa Kimalagasi: nani ana pingamizi?

Koulsoum alisimama, mtoto akimvuta ushungi. "Mheshimiwa, aulizwe alilala nyumba gani ya wageni. Kwa Tadjiddine wanajua hata chai anavyoinywa."

Mpimaji alimgeukia Tadjiddine.

Tadjiddine akamkingia kifua: "Sisi hatumwachi mgeni alale nje! Ndivyo tulivyolelewa."

"Kumbe alilala kwako," hakimu alisema. "Basi malazi anayadai kwa nani?" Akachukua kalamu, akafuta. "Ujira ni wa kazi iliyofanyika na gharama iliyotoka kweli. Nauli na vibarua atalipwa akileta risiti. Na kipimo cha mtu aliyelala kwa upande mmoja sikipokei. Atakwenda mwingine, na ujira wake nitaupanga mimi kabla hajafungua kamba ya kupimia."

Fungu jipya lilikuwa dogo; Koulsoum aliliweza, kwa shida, kwa pesa zile za bangili.

Mpimaji wa pili alifika jua likiwaka. Rabiata alikwishatandika mkeka na kupanga vikombe.

"Kunja, Shangazi."

"Mgeni huyu, mwanangu! Watu watatusema nini?"

"Waseme."

Rabiata akakunja huku akiguna. Ng'ambo ya ua, mlango wa Tadjiddine nao ulikuwa umefungwa. Koulsoum alisimama kizingitini, moyo ukimuuma kwa aibu, akamwangalia mgeni akinywa maji ya chupa yake mwenyewe, kisha akiinama kuivuta kamba kuelekea kisimani. Macho hakuyaondoa kwenye ile kamba.